Mume Asiyekwenda Kumtafuta Mkewe

Leo nakuletea habari za mtu aliyepata chakula chake kwa kutunga picha za makauboi, tena zile za gharama ndogo. Usigeuze ukurasa. Mtu huyu ana neno la kutuambia sisi wa vijijini.

Jina lake Burt Kennedy. Alizaliwa Muskegon, Marekani, mwaka 1922, na wazazi wake walikuwa wachezaji wa jukwaani. Katika Vita Kuu ya Pili alipigana upande wa Pasifiki, akajeruhiwa, akapewa nishani. Baada ya vita alitunga michezo ya redio, kisha akapata kazi katika kampuni ya John Wayne, mchezaji mashuhuri wa sinema. Huko akatunga Seven Men from Now, iliyotoka mwaka 1956. Mwongozaji alikuwa Budd Boetticher, na mchezaji mkuu Randolph Scott. Watatu hao wakaendelea pamoja: The Tall T (1957), Ride Lonesome (1959) na Comanche Station (1960).

Fedha zilikuwa haba. Hakuna hata picha moja kati ya hizo iliyofika dakika 80, na zote nne zilipigwa penye miamba ya Lone Pine, California. Sasa Kennedy afanyeje? Aliwaweka watu wachache njiani, mwema na mwovu pamoja, wakihitajiana, akawaacha wazungumze. Na mwovu wake si shetani mtupu: hucheka, hutamani naye kupata mahali pake pa kukaa. Baadaye Kennedy aliongoza picha mwenyewe, kama Support Your Local Sheriff! ya mwaka 1969. Alifariki mwaka 2001.

Katika Comanche Station, Scott anamkomboa mama mmoja aliyetekwa na watu wa kabila la Comanche. Mume wa mama huyo ametangaza zawadi ya dola 5,000 kwa atakayemrudisha, lakini mwenyewe hakutoka kumtafuta. Njia nzima watu wanamsema: mume gani huyu? Mwisho wanafika nyumbani, na mume anatoka nje kumpokea mkewe. Kumbe ni kipofu.

Picha hiyo niliitazama nikiwa chuo cha ualimu, nikaisifu sana. Halafu nikaisahau.

Mwaka jana, wakati wa masika, mama mmoja wa kigango cha mbali alikuja ofisini mara tatu kuandikisha ubatizo, mtoto mgongoni, daima peke yake. Mara ya tatu nilimwambia mbele ya watu waliokaa kwenye benchi, "Mama, huyo mumeo ni mume wa jina tu? Mwambie aje mwenyewe." Watu wakacheka. Mama akainamisha kichwa, akaondoka. Hakurudi tena.

Baada ya wiki tatu nikapanda baiskeli kupeleka barua za kigango, nikapita kwake. Nilimkuta mumewe amelala mkekani, chini ya kivuli. Alikuwa ameanguka kutoka juu ya mwembe tangu Januari, na miguu yake haikuwa na nguvu tena.

"Karibu, karani," akasema. "Unisamehe, sikuweza kuja."

Msomaji wangu, yeye ndiye aliyeomba radhi! Nilikosa pa kuweka uso wangu. Nikakaa chini karibu naye, nikamwomba msamaha yeye na mkewe, nikaandika jina la mtoto palepale, karatasi juu ya goti.

Kennedy alitutega sote tuliotazama picha yake. Alituacha tumhukumu mtu tusiyemwona, kisha akatuonyesha. Mimi nilifundishwa mara moja kwa sinema, nikahitaji kufundishwa mara ya pili kwa aibu.

Siku hizi mama akija ofisini peke yake, kabla sijashika kalamu namwuliza, "Mama, baba hajambo?" Kisha nanyamaza, nimsikilize.