Amiri Crowe na Swali la Mpwa Wangu

Je, mpenzi msomaji, umewahi kuingia katika ile bustani ya kumbukumbu iliyo kwenye makutano ya barabara za Moi na Haile Selassie, jijini Nairobi? Nilimpeleka mpwa wangu huko majuzi. Aliyasoma majina ukutani mpaka akachoka, kisha akaniuliza: "Shangazi, kwani hakuna aliyekuwa akijua?"

Swali hilo aliwahi kukabidhiwa mzee mmoja wa baharini. William Crowe, Mmarekani aliyezaliwa mwaka wa 1925, alikuwa mwanamaji wa nyambizi. Lakini hakuwa mtu wa mizinga peke yake. Alirudi darasani, na mwaka wa 1965 akapata shahada ya uzamifu ya siasa katika Chuo Kikuu cha Princeton. Kutoka 1985 hadi 1989 aliongoza baraza la wakuu wa majeshi ya Marekani, na hata Marshal Sergei Akhromeyev wa Muungano wa Sovieti akawa rafiki yake! Mwaka wa 1994 Rais Clinton alimtuma London kuwa balozi, kazi aliyoifanya hadi 1997.

Kisha ikaja Agosti 7, 1998. Mabomu ya Nairobi na Dar es Salaam yaliwaua watu 224. Hapa Nairobi walikufa 213, na kati yao Wamarekani walikuwa 12 tu. Crowe ndiye aliyeteuliwa kuongoza uchunguzi.

Ripoti yake ya Januari 1999 haikuipaka serikali yake mafuta. Alisema kwa miaka mingi ilikuwa imezembea kulinda balozi zake. Balozi Prudence Bushnell alikuwa amelalamika mapema kwamba jengo la Nairobi halikuwa salama. Crowe alipendekeza zitengwe dola bilioni 1.4 kila mwaka kwa miaka 10.

Hapo, msomaji, ndipo ninapokwama. Tume ilisema hakuna afisa hata mmoja aliyekiuka wajibu wake. Baharini, meli ikigonga mwamba, nahodha ndiye huitwa kujibu, hata kama alikuwa amelala. Crowe aliijua sheria hiyo kuliko mimi. Lakini meli hii ilikuwa na manahodha wengi mno.

Nilimwambia mpwa wangu kwamba walijua.

"Walifanywa nini?"

Nikamnunulia maji, tukaelekea kituo cha matatu.