Mtoto Aliyelirudia Jina Lake

Sisi walimu twajua thamani ya jina. Kila asubuhi twaita majina ya watoto, mmoja mmoja, na mtoto akiitwa kwa jina lisilo lake hukaa kimya. Kwa sababu hiyo habari ya Pepa Flores, mchezaji wa sinema wa Hispania, imenishika kuliko habari za wachezaji wengi wenzake.

Alizaliwa Málaga, mji wa pwani ya kusini, tarehe 4 Februari 1948, akaitwa Josefa Flores González. Pepa ndilo jina ambalo Wahispania humwitia Josefa nyumbani. Wazazi wake hawakuwa na mali. Walikaa katika nyumba ya vyumba vingi vilivyozunguka ua mmoja, jamaa nyingi pamoja. Huko alijifunza kuimba na kucheza ngoma za kwao, hata akaingia katika kundi la watoto. Mwaka 1959 kundi lile lilikwenda Madrid, likaonyeshwa katika televisheni. Mtengenezaji wa picha za sinema, Manuel Goyanes, akamwona, akafanya mapatano na wazazi wake. Mtoto alikuwa na miaka 11.

Tufikirini basi, wasomaji wapenzi, ni mambo gani yaliyofuata. Alihamishwa Madrid, akakaa nyumbani kwa bwana yule. Nywele zake zikatiwa rangi ya dhahabu. Akapewa jina jipya, Marisol, ambalo katika masikio ya Wahispania lina bahari na jua ndani yake. Picha yake ya kwanza, Un rayo de luz, yaani Mwali wa Nuru, ilitoka mwaka 1960, naye akapewa zawadi huko Venice kwa ajili ya uchezaji wake. Zikafuata Ha llegado un ángel mwaka 1961, na Tómbola mwaka 1962. Nchi ilikuwa chini ya Jenerali Franco, na watu walikuwa hawajasahau vita vya wenyewe kwa wenyewe vilivyokwisha mwaka 1939, wala njaa iliyokuja baadaye. Mtoto mwenye kucheka na kuimba aliwatuliza mioyo. Hata wanasesere wenye sura yake wakauzwa.

Siwalaumu wazazi. Maskini akiambiwa ya kuwa mwanawe ana kipawa, naye hana la kumpa, atajibu nini? Walakini nimepata kufundisha watoto wenye sauti nzuri, nami nimeona jinsi watu wazima wanavyomzunguka mtoto wa namna hiyo: kila mtu ataka aimbe tena, wala hapana aulizaye kama amechoka. Kazi ni kazi, ijapokuwa hufanywa kwa kicheko.

Mtoto akakua, lakini jina lile halikukua pamoja naye. Watu walimtaka yule wa mwaka 1960. Mwaka 1969 aliolewa na Carlos, mwana wa Manuel Goyanes. Ndoa hiyo haikudumu. Baadaye alikaa na Antonio Gades, mcheza ngoma mashuhuri, wakazaa mabinti watatu.

Mwaka 1978 ikatoka picha ya Mario Camus, Los días del pasado, yaani Siku Zilizopita. Ndani yake yeye ni mwalimu atokaye kusini, akaenda kufundisha katika kijiji cha milima ya kaskazini, kwa kuwa mpenzi wake yumo msituni pamoja na watu ambao, hata baada ya vita kwisha, waliendelea kupigana na serikali ya Franco. Gades mwenyewe ndiye aliyeigiza mpenzi huyo. Kwa kazi hiyo Pepa alipewa zawadi ya mchezaji bora wa kike katika maonyesho ya sinema ya Karlovy Vary, nchi ya Chekoslovakia. Naiona kuwa kubwa kuliko nyimbo zote za utoto wake, wala sisemi hivi kwa upendeleo wa ualimu tu.

Picha yake ya mwisho, Caso cerrado, ilitoka mwaka 1985, naye ana miaka 37. Akaiacha sinema, akakaa Málaga kwao, akataka aitwe Pepa Flores.

Mwezi wa Januari mwaka 2020 watu wa sinema wa Hispania walimtunukia Goya ya Heshima, na sherehe yenyewe ilifanywa Málaga, katika mji wake. Mabinti wake watatu walipanda jukwaani wakaipokea. Mama yao hakuja.