Majira yasiyo na kalenda

Wiki hii noti za jiografia nimeziweka kando, nimezama kwenye vitabu vya George R. R. Martin, vile vya Westeros (cha kwanza kilitoka 1996). Kule kiangazi hudumu miaka, kipupwe nacho vilevile, na hakuna anayejua kitaisha lini. Hadithi inaanza kiangazi kikiwa na mwaka wa 9! Wana wasomi wao wanaopima urefu wa siku, na msimu ukigeuka wanatuma kunguru weupe. Sababu ndiyo hawaijui. Martin mwenyewe alishasema jibu ni la kichawi, si la kisayansi, kwa hiyo ule mhimili wetu ulioinama nyuzi 23.5 hausaidii kitu.

Kilichonishika zaidi ni ghala. Unaweka nafaka kiasi gani kama hujui baridi ni ya miaka 2 au 10? Jamani, boom lenyewe wiki ya tatu halijatoka na TP inaanza Jumatatu. Mwenzangu wa chumbani kashika mchele, ananiuliza tupike vikombe viwili au kimoja.

Kimoja, shosti.