Mwenye Hati, Mwenye Kalamu na Mwenye Jembe

Katika chuo cha ualimu nilichosoma tulifundishwa habari za washairi wa Uingereza walioitwa Waromantiki. Tulihifadhi majina ya Wordsworth, Coleridge, Southey na Shelley, tukaelezwa kwamba jina lile halihusu mapenzi ya mume na mke, bali linawahusu watu walioona kwamba milima, mito, na hata maisha ya mkulima mnyonge vinastahili kutungiwa mashairi, kama vile zamani wafalme na vita walivyotungiwa. Hayo tuliyaelewa. Jambo ambalo hatukuelezwa ni kwamba milima ile ilikuwa na wenyewe. Mshairi alipotembea bondeni akivuta hewa safi, alikuwa akitembea katika ardhi ya mtu. Wordsworth mwenyewe, alipohamia Alfoxden katika jimbo la Somerset mwaka 1797, alikuwa mpangaji aliyelipa pauni 23 kwa mwaka. Majirani walipomwona akizunguka huku na huku, yeye na dada yake na rafiki yake Coleridge, walishuku kwamba ni wapelelezi wa Wafaransa. Serikali ikamtuma askari wa siri kuwachunguza. Mwaka wa 1798, muda wa kupanga ulipokwisha, hakuongezewa.

Tangu nilipoacha kufundisha na kuhamishiwa ofisi inayopokea mashauri ya mipaka ya mashamba, nimezidi kuvutiwa na wale ambao mwalimu wetu aliwaruka, yaani wenye ardhi. Miongoni mwao walikuwako watu wa vituko, wenye fedha nyingi na ndoto kubwa kuliko fedha zao. Nitawataja watatu, ambao wote walifanya mambo yao katika milima ya Wales, karibu wakati mmoja. Kisha nitamtaja wa nne, ambaye hakuwa na shamba.

Wa kwanza ni Thomas Johnes, aliyezaliwa mwaka 1748. Alirithi Hafod, bonde la mto Ystwyth katika Cardiganshire, mahali penye mvua nyingi na barabara mbaya. Mtu wa tabaka lake angaliweza kukaa mjini na kungoja kodi ya wapangaji. Badala yake alijenga jumba la fahari huko huko porini, akatengeneza njia za kutembelea ili wageni waone maporomoko ya maji, na akaanza kupanda miti. Hakupanda mia wala elfu. Yasemekana kwamba kuanzia mwaka 1782 hadi 1813 ilipandwa zaidi ya miti milioni 3 katika vilima vilivyokuwa vitupu. Tena alileta mtambo wa kupiga chapa, na humo mlimani, mbali na kila mji mkubwa, akachapisha vitabu vinene alivyovitafsiri yeye mwenyewe kutoka Kifaransa cha kale.

Watu walimcheka. Lakini yako mambo mawili ambayo mimi, kama mtumishi wa umma, siwezi kuyacheka. La kwanza ni kwamba mwaka 1800 alitoa kitabu cha ushauri wa kilimo kwa wakulima wake, nacho kikatafsiriwa kwa Kiwelisi, yaani kwa lugha waliyoisema wao wenyewe walipokuwa shambani. Wangapi kati yetu tunaotoa maagizo ya kilimo tunakumbuka kuuliza mkulima anaota kwa lugha gani? La pili ni kwamba alipopanda miti ile alikuwa mtu mzima, naye alijua fika kwamba hataiona ikikomaa.

Mwisho wake ulikuwa wa huzuni. Mwezi wa Machi 1807 jumba liliteketea kwa moto pamoja na maktaba yake, na humo ziliungua hati za kale ambazo hazikuwa na nakala. Akajenga upya. Mwaka 1811 akafiwa na binti yake Mariamne, ambaye ndiye aliyekuwa tumaini lake lote. Yeye mwenyewe alifariki mwaka 1816, akiacha shamba lenye madeni. Jumba lilibomolewa mwaka 1958. Lakini bonde la Hafod lingali na miti hadi leo, na njia zake zimefufuliwa, na watu wasio na hata shubiri ya ardhi huenda kutembea humo.

Wa pili ni William Madocks, aliyezaliwa mwaka 1773, mbunge na mpenda michezo ya kuigiza. Huyu hakutaka kupanda; alitaka kuinyang'anya bahari. Kaskazini ya Wales palikuwa na ghuba pana ya mchanga iitwayo Traeth Mawr, ambayo maji yakijaa hufunikwa na yakipwa huachwa wazi. Madocks aliazimia kujenga tuta la mawe lenye urefu wa kama maili moja, ili bahari ibaki nje na ndani yapatikane mashamba. Kando yake alikwisha kujenga mji mdogo, akauita Tremadog. Tuta lilifungwa mwaka 1811, kukafanywa karamu kubwa na mashindano ya mashairi. Mwezi wa Februari 1812 dhoruba ikapiga, tuta likabomoka, na kazi ikabaki mikononi mwa wadai.

Hapo ndipo mshairi alipoingia. Percy Shelley, kijana wa miaka 20, mtoto wa tajiri aliyegombana na baba yake, alifika Tremadog mwezi wa Septemba 1812 pamoja na mkewe Harriet. Alipoliona tuta aliwaka moyo, akaahidi mchango wa pauni 100, akazunguka kuomba michango kwa wengine. Lakini Shelley hakujua kunyamaza. Aliwasema matajiri wa mahali pale kwa ukali, naye alikuwa akikaa katika nyumba ya Madocks na kukopa madukani. Usiku wa tarehe 26 Februari 1813 alidai kwamba mtu aliingia nyumbani na kumpiga risasi. Wako wanaosema kwamba ni maadui waliotaka kumtisha, na wako wanaosema kwamba yote yalikuwa ndoto yake. Shelley na mkewe waliondoka upesi, na madeni wakayaacha nyuma.

Tuta halikuondoka. Lilikarabatiwa kwa mikono ya vibarua, ambao majina yao hayamo katika vitabu tulivyosoma chuoni. Bandari ya Porthmadog ikazaliwa kando yake, na tangu mwaka 1836 reli ya kuchukulia mawe ya kuezekea ikapita juu yake. Madocks alifariki Paris mwaka 1828, kabla ya kuyaona mengi ya hayo.

Wa tatu ni Walter Savage Landor, naye alikuwa mwenye ardhi na mshairi katika ngozi moja. Alizaliwa mwaka 1775, akawa na elimu kubwa na hasira kubwa zaidi. Mwaka 1808 alikwenda Hispania kwa gharama yake mwenyewe kupigana na majeshi ya Napoleon. Aliporudi alinunua Llanthony, bonde zuri lenye magofu ya nyumba ya watawa, na ili apate fedha aliuza ardhi ya urithi. Alikusudia kupanda mierezi ya Lebanoni kwa maelfu, akaleta kondoo wa merino kutoka Hispania. Rafiki yake Southey alimtembelea huko mwaka 1811. Lakini Landor aligombana na majirani, akagombana na wakuu wa jimbo waliomnyima uhakimu, akagombana na mpangaji aliyekataa kulipa. Mwaka 1814 alitoka Uingereza, na shamba likaangukia mikononi mwa wasimamizi.

Nimejiuliza mara nyingi tofauti ya Landor na Johnes ilikuwa nini, maadamu wote wawili walipenda miti na vitabu, na wote wawili walipoteza fedha. Jawabu langu ni kwamba Johnes alikaa. Alikaa zaidi ya miaka 30, akajua jina la kila kijito na shida ya kila mpangaji. Landor aliipenda Llanthony kama mtu apendavyo picha ukutani, na aliowakuta wakiishi ndani ya picha hiyo walimkera.

Sasa nimfikie wa nne. John Clare alizaliwa mwaka 1793 katika kijiji cha Helpston, mtoto wa kibarua, naye mwenyewe akawa kibarua. Wakati huo Bunge la Uingereza lilikuwa likipitisha sheria, kijiji baada ya kijiji, za kuzungushia ua ardhi ambazo watu wote walikuwa wakilishia mifugo na kuokotea kuni. Sheria ya Helpston ilipita mwaka 1809, na ugawaji ukakamilishwa mwaka 1820. Ni mwaka huo huo wa 1820 kitabu cha kwanza cha mashairi ya Clare kilipotoka, na mabwana wa London wakamsifu kwa muda kama watu wanaostaajabia ng'ombe anayeongea. Mwaka 1832, kwa msaada wa wafadhili, alihamishiwa nyumba bora zaidi yenye kipande cha ardhi huko Northborough, mwendo wa maili tatu tu kutoka kijijini kwake. Kwa Clare maili tatu hizo zilikuwa ugeni mtupu. Akili ikamtoka, na alifariki mwaka 1864 katika hospitali ya wagonjwa wa akili. Mwaka huo huo Landor alifariki Florence, akiwa mzee wa miaka 89.

Haya si masimulizi ya kuupitishia muda tu. Nyumbani kwetu, mashariki ya Uganda, marehemu baba yetu alituachia ekari sita na mivule arobaini. Alipoipanda, watu walimwambia kwamba mvule ni mti wa wajukuu, na kwamba mwenye akili hupanda mahindi. Sasa mivule ina thamani, na sisi ndugu watatu tulianza kutazamana kwa macho mengine. Kaka alitaka yote ikatwe na fedha zigawanywe. Mdogo wetu, aliye mjini, alitaka isiguswe hata mmoja, kwa kuwa ni kumbukumbu ya baba. Niliyatambua maneno ya wote wawili kuwa ni maneno ya watu wasioishi hapo. Anayeishi hapo ni dada yetu, mjane mwenye watoto wanne, na yeye ndiye anayelima chini ya miti hiyo.

Tulipoketi kikao cha jamaa mwaka jana, nikaomba dada aanze kusema, jambo ambalo kwetu si la kawaida, na wazee wawili hawakulipenda. Dada hakusema juu ya kumbukumbu wala juu ya faida. Alisema kwamba miti tisa iliyo upande wa magharibi inalinyima shamba la mahindi jua, na kwamba ile iliyo mtelemkoni ndiyo inayozuia mvua isichukue udongo. Alituhesabia mti kwa mti. Kikao kikaamua kwamba tisa ikatwe kwa kibali, fedha zilipe karo ya watoto na bati za nyumba yake, na kwa kila mti uliokatwa ipandwe miche miwili mtelemkoni. Tena tukaandika kwa wino, mbele ya mashahidi, kwamba dada hataondolewa katika shamba lile maadamu yu hai. Kaka aliondoka akinung'unika, na hadi leo hajaridhika sawasawa. Lakini alitia sahihi.

Ofisini kwangu huja watu wenye hati mkononi, na huja watu wenye maneno matamu ya kuisifu ardhi ya mababu. Wote nawasikiliza, maana ndiyo kazi yangu. Lakini nimejifunza kuuliza swali ambalo halimo katika fomu: nani huamka alfajiri na kuingia katika shamba hili? Mara nyingi mtu huyo hakuletwa. Ameachwa nyumbani apike, au hakupewa nauli.

Wazazi wenzangu, familia nyingi zinaingia katika mizozo kwa sababu mwenye hati na mwenye maneno wamekutana mjini na kukata shauri, ilhali mwenye jembe ameletewa habari tu. Ndoto za watu wa vituko si za kudharau. Bila Johnes bonde la Hafod lingalibaki tupu, na bila Madocks bahari ingali ikipanda hadi milimani. Hata baba yetu aliitwa mtu wa vituko. Ila ndoto ya ardhi yafaa ipimwe mahali pale pale, kwa miguu, pamoja na yule anayejua maji hupita wapi mvua inaponyesha. Kama katika jamaa yako liko shamba la urithi ambalo bado halijaandikiwa lolote, usingoje matanga yajayo. Iteni kikao wakati wazee wangali hai, na yule anayelima apewe kiti na nafasi ya kusema kwanza.