Kiingilio Anakula Nani?

Mimi ni mpenzi wa sarakasi, kulipa kiingilio sioni uchungu hata kidogo. Lakini kisa cha Millie na Christine McKoy kimenitoa usingizini.

Pacha hawa walizaliwa utumwani North Carolina, Marekani, mwaka 1851, wakiwa wameungana mgongoni. Hata kunyonya hawajaacha, wakauzwa ili waonyeshwe watu kwa kiingilio. Wakaibwa, wakavushwa bahari hadi Uingereza. Mama yao, Monemia, akawafuata huko huko na kuwarudisha. Miaka yote hiyo watu walilipa, wenyewe wakaambulia macho tu.

Utumwa ulipokomeshwa mwaka 1865, hawakukimbia jukwaa. Waliimba, wakacheza, wakaongea lugha kadhaa. Mwili ule ule, macho yale yale, ila sasa pesa ilikuwa yao! Walifariki Oktoba 1912, wakipishana kwa chini ya siku moja tu.

Wapo wanaosema ile ilikuwa aibu tupu. Mimi nasema aibu ilikuwa kwa aliyekula jasho lao. Kwa hiyo, ukimkuta mtu mwenye ulemavu anapiga gitaa stendi, usiishie kushangaa. Angalia noti yako inaingia mfuko wa nani.