Mlango wa Tuscaloosa

Juni 1963 nilikuwa nikisoma katika chuo cha Weusi kusini mwa Marekani, mmoja wa vijana waliovushwa bahari kwa mpango wa masomo wa Tom Mboya, mwanasiasa wa kwetu. Kenya ilikuwa imepata Madaraka tarehe mosi mwezi huohuo, nasi Wakenya wachache wa pale tulitembea vifua mbele.

Jumanne ya tarehe 11, jioni, tulijazana ukumbini kutazama habari. Gavana George Wallace alikuwa amesimama mlangoni mwa jengo la Foster, Chuo Kikuu cha Alabama, mjini Tuscaloosa, ili Vivian Malone na James Hood, wanafunzi Weusi, wasijiandikishe. Nicholas Katzenbach, naibu mwanasheria mkuu wa Marekani, alimtaka atii amri ya mahakama. Gavana akagoma.

Mlango wa namna ile niliujua. Katika Kenya ya mkoloni, Wazungu walikuwa na shule zao, Wahindi zao, nasi zetu. Ila kwetu serikali yenyewe ndiyo iliyoulinda mlango. Jioni ile, kwa mara ya kwanza, niliona serikali ikitumwa kuufungua.

Rais Kennedy aliwaweka askari wa akiba wa Alabama chini ya amri yake. Alasiri, jenerali wao, Henry Graham, akamwambia gavana apishe. Akapisha, na risasi haikulia. Mwaka uliotangulia, James Meredith, Mweusi mwenzao, alipoingia Chuo Kikuu cha Mississippi, watu wawili waliuawa.

Mama mpishi wa chuo chetu hakushughulika na gavana. Aliuliza tu, "Na yule binti, yuko wapi saa hizi?" Baadaye tukasikia kwamba Vivian alikwisha kupelekwa bwenini, ufunguo wa chumba mkononi, kabla gavana hajauachia mlango.

Usiku huo Kennedy alilihutubia taifa, akaahidi kupeleka bungeni sheria ya haki za raia. Saa chache baadaye Medgar Evers, mtetezi wa haki za Weusi, akapigwa risasi nje ya nyumba yake, Jackson, Mississippi. Furaha yetu haikufika asubuhi.

Mahakama ya Juu ya Marekani ilikuwa imeharamisha ubaguzi shuleni tangu 1954. Kwa miaka tisa haki ilikuwa imeandikwa, na mlango bado una mtu. Kiongozi anayesifu haki akiwa ofisini hajafanya kazi yake. Kazi yake iko pale mlangoni, kwa wakati, kabla mtoto wa watu hajaachwa peke yake mbele ya wenye chuki. Vivian Malone alihitimu mwaka 1965.