Ukiwa Shambani, Zima Simu Kidogo

Mimi ni bwana shamba. Kazi yangu ni kuwashauri wakulima. Lakini leo nataka kukueleza kosa langu mwenyewe.

Marehemu baba alituachia minazi 40 huku Pangani. Alipokuwa hai, kila asubuhi alipita chini ya minazi hiyo, mikono nyuma, kimya. Nilipokuwa mtoto nilidhani anapoteza wakati. Kumbe alikuwa anawaza. Hapo ndipo alipoamua deni lipi lilipwe kwanza na ugomvi upi usamehewe.

Mwaka 2021 alikuja mtu kununua minazi ya kupasua mbao. Alitaka minazi 10. Mimi nilikuwa nadaiwa ada ya chuo ya mwanangu. Nikamwambia, "Nipe siku moja nifikiri."

Kesho yake alfajiri nilikwenda shambani kufikiri. Simu ilikuwa mfukoni. Nilipokaa tu, ikalia. Ulikuwa ujumbe wa michango ya harusi. Nikajibu. Kisha nikatazama matokeo ya mpira. Kisha nikatazama picha za watu nisiowajua. Jua likapanda, nami sijawaza lolote. Simu ikalia tena. Alikuwa yule mnunuzi. "Umeamuaje, bwana shamba?" Niliona aibu kusema sijafikiri. Nikasema, "Njoo ukate."

Hadi adhuhuri minazi 10 ilikuwa chini. Baadhi yake ilikuwa imejaa madafu.

Ndugu msomaji, mnazi wetu mrefu wa pwani huanza kuzaa ukiwa na miaka 6 au zaidi. Ukitunzwa, huzaa zaidi ya miaka 60. Kila siku nawaambia wakulima: kateni minazi mizee isiyozaa, iacheni inayozaa. Shambani kwetu mizee ilikuwepo. Kama ningewaza, ningemwonyesha hiyo. Kazi ya miaka mingi ya baba niliiamulia kwa dakika moja.

Simu si adui. Hutuletea habari za mvua, bei za mazao na fedha kutoka kwa watoto wetu. Lakini mawazo ni kama maji ya kisima. Ukitia ndoo kila mara, tope hupanda. Ukiyaacha yatulie, utaona mpaka chini.

Basi fanya hivi. Ukifika shambani, zima simu na uitie mkobani. Tembea mpaka mwisho wa shamba, kisha urudi. Tazama majani, tazama udongo. Jiulize lile jambo linalokusumbua. Ukimaliza, iwashe. Anayekutafuta atakupiga tena.

Mwaka 2022 nilipanda miche 10 badala ya ile iliyokatwa. Bado haijazaa. Kila asubuhi napita kati yake, simu imezimwa, mikono nyuma.

Nawe jaribu kesho.